Misimu Ambayo Hatukununua Mpira

Mpira wa ngozi huuawa na maji kabla haujauawa na mateke. Naanza na hilo kwa sababu juzi mlikuja kunisalimu nyumbani, nyinyi mnaotunza kiwanja chetu cha Buyenzi sasa, mkaniomba niwatafutie mfadhili wa mipira mipya. Nilipowauliza ya zamani iko wapi, mmoja wenu akasema imetupwa nyuma ya ghala, mvua inaipiga. Sikuwajibu siku ile. Nilitaka niswali kwanza, hasira inipungue, ndipo niandike.

Mfadhili sina. Nina kazi niliyofundishwa na watu wenye subira kuliko mimi, na Mwenyezi Mungu amenipa umri wa kuikumbuka. Someni polepole. Mahali pa kucheka chekeni, maana mengi niliyojifunza nilijifunza kwa kukosea.

Nilipokabidhiwa ufunguo wa ghala la kiwanja nilikuwa mwalimu wa madrasa, na ndiyo maana hadi leo wazee wenzangu huniita Maalim Rajabu. Kamati haikuniuliza kama najua kushona mpira au kukata nyasi. Waliniuliza kama namwogopa Mungu. Mtunzaji aliyenitangulia alikuwa fundi mzuri sana, na vifaa vilikuwa vinapungua kila mwezi. Basi wakatafuta mtu ambaye hataiba, wakampata, na mtu huyo hakujua hata upande gani wa mpira hutiwa pumzi.

Kisha krizi, vita vya wenyewe kwa wenyewe, kabila kwa kabila, ikaingia mjini. Nyinyi mmezaliwa baada yake au mlibebwa mgongoni wakati wake, kwa hiyo hamjui mji ambao watu wanaogopa mahali pa wazi. Kupanda vilimani siku ya mapumziko kulikwisha. Kwenda ufukweni mwa ziwa ilikuwa leo ndiyo, kesho hapana. Kamenge, kule kaskazini, ilikuwa imehamwa, na baadhi ya watu ndiyo kwanza walikuwa wanarudi kuezeka nyumba zao. Musaga, kusini, ilijifungia peke yake. Mtu wa upande huu hakukanyaga upande ule. Buyenzi yetu ilibaki imechanganyika, shukrani kwa Mungu, na katikati yake kulikuwa na kile kiwanja. Kwa watoto wengi, anga yote waliyoruhusiwa na mama zao ilikuwa ile iliyo juu ya kiwanja.

Nchi jirani zilipofunga mipaka, mipira, au balo kama tusemavyo mjini kwetu, ikaacha kuja. Hapo mwenyekiti wa kamati, Bwana Melkiori, tuliyemwita Prezida, akaniita ofisini kwake Rohero, katikati ya mji. Alikuwa Mkristo mnyoofu, mpole, mgumu kama meza yake.

"Maalim, kiwanja kinakula," akaniambia. "Balo, file, chokaa, mutu wa kukata majani. Kila siku we unaomba. Mi sina tena."

"Tuvumilie kidogo, Prezida."

"Kuko mufanyabiashara wa mbao. Anataka pale apange mbao zake, na atatulipa. Nimemwambia angoje mpaka mwisho wa kiangazi. Kama kiwanja kinaweza kuishi bila kuomba kitu, kitabaki. Kama akiwezi, nitamupa."

"Na watoto watacheza wapi?"

Alitazama dirishani, barabarani kulikokuwa kunapita lori la askari. "Batacheza kwa barabara," akasema. "Kama bengine."

Nilirudi Buyenzi kwa miguu nikiwa na miezi michache mkononi na elimu ya fikihi kichwani.

Jambo la kwanza nililofanya lilikuwa la kijinga. Nilisikia kwamba ngozi hudumu ikipakwa mafuta, na mafuta ya bei nafuu mjini kwetu ni mawese. Nikanunua chupa, nikaketi asubuhi nzima nikipaka mpira mmoja mmoja, mpaka ghala likanukia kama jikoni siku ya arusi. Nilijisifu moyoni, Mungu anisamehe. Siku tatu baadaye nikafungua mlango nikakuta panya wa mtaa mzima wamealikana. Mipira miwili walikuwa wameila mpaka ndani. Wa tatu walikuwa wameuanza.

Niliuchukua ule wa tatu nikaupeleka kwa Bwana Sefu, fundi viatu aliyekuwa akikaa karibu na soko letu. Babu yake alitoka Maskati akapitia Ujiji, na yeye mwenyewe alikuwa hajawahi kuvuka daraja la Ruzizi, pale mpakani. Aliugeuzageuza mpira, akaunusa, akaniangalia juu ya miwani.

"Maalim, hii ulitaka kuchezea ao kukaanga?"

"Nilitaka ngozi ilainike."

"Imelainika. Panya banasema asante."

Alinifundisha tangu siku ile, bila malipo, saa moja kila asubuhi kabla wateja wake hawajafika. Nawapa aliyonipa. Mpira hupakwa nta ya nyuki, nayo hupakwa juu ya mshono, kidogo, kwa kitambaa kilichopashwa joto. Ukishalowa, upunguzeni pumzi, upanguseni, uacheni kivulini ukauke wenyewe. Msiuweke juani wala karibu na moto, maana ngozi ikikaushwa kwa haraka hukunjana, na ikikunjana haina dawa. Uzi msinunue. Tafuteni tairi la lori lililokufa, lichaneni, ndani yake mna nyuzi nyeupe ambazo hata meno ya mbwa hayazikati. Shoneni kwa sindano mbili na uzi mmoja, kila sindano ikiingia tundu lile lile kutoka upande wake. Hivyo, uzi wa upande mmoja ukikatika, wa upande wa pili unashika. Na kibofu cha ndani kikitoboka ni kama mpira wa baiskeli tu: kiraka, gundi, subira.

Nta nayo ikaadimika. Bwana Sefu akanituma kwa msimamizi wa kanisa mmoja aliyekuwa mteja wake wa viatu, tukapewa mabaki ya mishumaa ya altare, yaani madhabahu, iliyotengenezwa kwa nta ya nyuki. Nilisita. Nilimuuliza Bwana Sefu kama inafaa.

"Inafaa nini? Ni nta," akasema, akiwa ameshika sindano kwa meno. "Tena imeombewa. We unataka nini ingine?"

Sikupata aya wala hadithi ya kumpinga. Tuliichanganya na kidogo tuliyokuwa nayo, na mipira ile ilidumu.

Sasa niwaambie kosa langu kubwa, ambalo mtu asiyesoma dini asingelifanya. Katika madrasa nilikuwa nafundisha mlango wa amana: mtu akikuwekea kitu chake, ukirudishe kama ulivyokipokea, usikitumie, usikiazime. Nami niliviona vile vifaa kuwa ni amana ya watoto wa mji, mikononi mwangu. Kwa hiyo kadiri mwisho wa kiangazi ulivyokaribia, ndivyo nilivyozidi kufunga. Mipira iliyoshonwa vizuri niliitundika kwenye misumari. File, yaani wavu wa voliboli, niliikunja nikaifunga kwa kamba. Watoto nikawapa mpira mmoja mbovu. Niliwaza: Bwana Melkiori atakapokuja, ataona ghala limejaa, ataridhika.

Bwana Sefu alikuja siku moja kuazima koleo, akaingia ghalani. Lilikuwa la mabati, na jua la kiangazi mnalijua. Akashika mpira mmoja, akaubonyeza, nami nikasikia ngozi ikilia kama jani kavu. Akaufungua mwingine. Kibofu chake kilikuwa kimekuwa kigumu, kimepasuka bila kuguswa na mguu wa mtu.

"Nani amecheza na hii?"

"Hakuna. Nimeihifadhi."

"Umeiua." Alikaa juu ya ndoo. Hakunigombeza, na afadhali angenigombeza. "Maalim, mi sikusoma kama we. Lakini hii mipira, mwenye mali ni nani?"

"Watoto."

"Basi mwenye mali iko nje anapiga makopo, na we umemufungia mali yake. Hii ni amana gani?"

Nililala na swali lile usiku kucha. Asubuhi, baada ya swala, nilikuwa na jibu, na jibu lilinitia aibu. Nilikuwa najilinda mimi nisilaumiwe, nikauita ulinzi huo amana.

Siku hiyo nikaligawa ghala. Kila barabara ya Buyenzi ikapewa mpira wake, ukae kwao, wauchezee watakavyo, kwa sharti moja tu: Ijumaa asubuhi uletwe kwenye benchi langu la kushonea, nje ya ghala, na aliyeuleta akae aushone mwenyewe. Mimi nilishika sindano moja, yeye nyingine. Mama mmoja aliyekuja na mpira wa barabara yake alinishinda kwa usafi wa mshono siku ya kwanza. "Maalim," akaniambia, "we unashona kama mutu anaandika barua ya kuomba deni." Mpaka mwisho wa mwezi kulikuwa na watu wengi wenye mkono mzuri kuliko wangu.

Mambo mengine yalifuata kwa njia ile ile. Tulikuwa tunamlipa mtu akate nyasi, na hapo hapo jirani zetu wafugao mbuzi walikuwa wanazunguka mpaka mtoni Ntahangwa kutafuta majani, mahali ambapo siku zile hapakuwa salama. Nikawaita. Kila familia ikapata kipande chake cha kukata kwa mundu, na mbuzi wenyewe tukawakataza kuingia, maana mbuzi hung'oa mizizi. Nyasi zikawa fupi na nzuri, nao mbuzi wakashiba karibu na nyumbani. Mistari ilinisumbua zaidi. Nilichora kwa jivu la tanuri la mkate, mvua ya ghafla ikanyesha, na watoto wasio na viatu wakanijia wanachechemea, nyayo zinawaka. Jivu likilowa ni kali kama sabuni ya kufulia. Niliwaosha miguu mmoja mmoja nikiomba radhi. Kisha tukachimba mifereji midogo, kina cha vidole viwili, tukaijaza mchanga mweupe wa ziwani. Mistari hiyo mnaikanyaga bado. Kila mwaka inataka ndoo chache tu za mchanga.

Habari zikatoka Buyenzi. Akaja Salvatori, fundi baiskeli wa Kamenge, akasema vijana wake waliorudi wanapiga mpira wa majani ya migomba, akaomba tuwaazime. Nikampa mipira mitatu na sindano mbili. Wiki ile ile akaja dada mmoja, Godeliva, muuzaji katika duka la dawa Rohero, mkazi wa Musaga. Yeye na wenzake walikuwa wanacheza voliboli juu ya kamba ya kuanikia nguo. Nikampa file yetu, ile moja tuliyokuwa nayo. Wote wawili nikawaambia: mrudishe kabla ya siku ya Prezida kuja kukagua, vikiwa vimetengenezwa.

Majuma mawili kabla ya siku hiyo, mji ukafungwa. Nyinyi mmesikia wazee wakisema "mji umekufa": maduka kufungwa, barabara kuzibwa kwa mawe, kila mtaa peke yake. Buyenzi ilikaa ndani. Sikupata habari ya Kamenge wala ya Musaga. Njia zilipofunguliwa ilibaki siku moja tu.

Jumamosi, saa tatu asubuhi, Bwana Melkiori akafika. Nyuma yake alikuwa mwenye mbao, ameshika kamba ya kupimia. Mipira ya Buyenzi ilikuwa imerudi Ijumaa, lakini wenyewe walikuwa wanaichezea nje. Bwana Melkiori akaingia ghalani akatazama misumari.

"Ghala iko mutupu, Maalim."

"Ndiyo, Prezida. Vitu viko kwa watu."

"File?"

"Iko Musaga."

"Ingine?"

"Iko Kamenge."

Mwenye mbao akacheka. "Maalim amepeleka balo kwa vita," akasema. "Atarudishiwa na risasi."

"Batarudisha?" Bwana Melkiori akaniuliza.

Ningeweza kusema ndiyo. Ulimi ulikuwa tayari. Lakini sikujua, na nilikuwa nimekwisha kujidanganya vya kutosha mwaka ule. "Sijui, Prezida. Nilidhani watarudisha. Njia zilifungwa."

Akatoka, akakitazama kiwanja kwa muda mrefu: nyasi, mistari, watoto. Mwenye mbao akaanza kufungua kamba yake pembeni. "Tungoje mpaka adhuhuri," akasema Bwana Melkiori, akaketi kwenye benchi la kushonea. Nilikaa upande wa pili. Nikawa nasoma uradi kimya kimya, na kwa kweli nilikuwa naomba file kuliko nilivyoomba pepo.

Muda wa adhana ulikuwa umekaribia watu wawili walipotokea upande wa mjini, wanatembea pamoja kwa haraka. Mmoja alikuwa mwanamume mwenye gunia begani, mwingine mwanamke mwenye furushi kichwani. Salvatori na Godeliva. Mtu wa Kamenge na mtu wa Musaga, njia moja, katika siku zile. Hata mwenye mbao aliacha kamba.

"Amahoro, Maalim," akasema Godeliva, anahema. "Utusamehe. Mi niliogopa kuja peke yangu. Nilikuwa nangoja mutu Rohero, kwa kona ya duka. Nikaona huyu bwana, iko na balo kwa gunia, na ule uzi mweupe wa tairi. Nikamuuliza: we ni wa Buyenzi? Akasema apana, mi ni wa Kamenge."

"Akaruka nyuma," akasema Salvatori.

"Na we uliruka. We uliruka sana. Uliuliza natoka wapi, nikasema Musaga, ukashika gunia kama mutu anashika mutoto."

"Niliona file," Salvatori akanieleza mimi, kama anayejitetea. "Nikajua ni ya hapa. Nikasema: basi twende. Kila mutu atamuchunga mwenzake."

"Tumeogopana njia yote," akasema Godeliva, na wote wawili wakacheka, kicheko cha watu waliofika.

Wakafungua mizigo juu ya benchi, mbele ya Bwana Melkiori. File ilikuwa imefumwa upya ukingo mzima kwa kamba mpya, na matundu ya katikati yamezibwa kwa fundo la wavuvi. Mipira mitatu ilikuwa imeshonwa, imepakwa nta. Na kulikuwa na wa nne. Salvatori alikuwa amekata vipande vizuri vya mipira iliyokufa aliyoiokota Kamenge, kwenye nyumba zilizobomoka, akavishona pamoja, ndani akatia mpira wa baiskeli. Haukuwa wa duara kamili. Ulikuwa na kiuno.

Bwana Melkiori akauchukua ule wa nne, akaubonyeza kwa kidole gumba, akaudundisha mara moja. Ukaruka pembeni, akaufuata hatua mbili, mtu mzima mwenye suti, akaushika.

"Hii nani amenunua?"

"Hakuna mutu amenunua," akasema Salvatori.

"Na hii kamba?"

"Ni ya mama zetu ba Musaga," akasema Godeliva. "Balikuwa nayo kwa nyumba."

Akawatazama mmoja baada ya mwingine, kisha akamgeukia mwenye mbao. "Utafute mahali pengine," akamwambia. "Kwa sasa." Kwangu akasema: "Maalim, sikupatii kiwanja. Nakupatia musimu moja. Kiangazi kijacho nitakuja tena kuangalia."

Adhana ikaingia. Nilikwenda kuswali, na niliporudi nikawakuta vijana wa Buyenzi wamewafungia wageni file kwenye nguzo, Godeliva anawaonyesha namna ya kupiga sevisi, na Salvatori amekaa chini anashona kiuno cha mpira wake.

Kiangazi kilichofuata Bwana Melkiori alikuja kama alivyosema. Akaangalia, akasema yale yale: msimu mmoja. Na kilichofuata pia. Alipofariki, aliyeshika nafasi yake naye akaja, akaangalia, akasema msimu mmoja, kwa sababu ndivyo alivyokuta. Vita vilikwisha tukiwa bado tunaishi kwa msimu. Nilistaafu tukiwa bado tunaishi kwa msimu. Sikuwahi kuona karatasi inayosema kiwanja ni chetu, na nyinyi msiitafute, haipo. Kilibaki kwa sababu kila mwaka aliyekuja kukitazama alikuta watu wanaokitunza kwa mikono yao.

Kwa hesabu yangu mnacho mpaka mwisho wa kiangazi hiki. Iokoteni mipira iliyo nyuma ya ghala, ipanguseni, iwekeni kivulini. Jumamosi, Mungu akipenda, nitakuja na sindano.